Detroit: Kazi Ilipatikana, Nyumba Ikakataliwa

Ukitaja Detroit, watu wengi watakujibu: magari. Wanaofuatilia habari za dunia wataongeza kwamba ni mji uliofilisika, wenye viwanda vilivyoota magugu na nyumba zisizo na madirisha. Yote hayo yamo. Lakini leo nawaomba tuuingie mji huo kwa mlango wa nyumba badala ya lango la kiwanda. Naamini kabisa kwamba tukiuliza nani aliruhusiwa kulala wapi, na nani alizuiwa, mengi yanayoonekana kama fumbo katika historia ya Detroit yatafumbuka yenyewe.

Mji uko kaskazini mwa Marekani, jimbo la Michigan, kando ya mto unaotenganisha nchi hiyo na Kanada. Wafaransa walijenga ngome pale mwaka 1701 kwa ajili ya biashara ya ngozi za wanyama. Mto ule si mpana. Katika karne ya 19, watumwa waliotoroka mashamba ya kusini walifika ukingoni na kuiona Kanada ng'ambo, nchi ambako utumwa ulikuwa umeshakomeshwa. Kanisa la Second Baptist, lililoanzishwa mwaka 1836 na Weusi waliochoka kubaguliwa katika kanisa la Wazungu, liliwaficha watoro hao mpaka wapate mtumbwi wa kuwavusha. Kwa hiyo Detroit ilikuwa mahali pa kukimbilia muda mrefu kabla haijaunda gari hata moja.

Sasa tuje kwa Henry Ford. Huyu hakuvumbua gari. Alichofanya yeye na mafundi wake, mwaka 1913 katika kiwanda cha Highland Park, ni kulifanya gari limfuate mfanyakazi. Chasisi ilikokotwa polepole, mtu amesimama palepale, anafanya jambo moja tu kutwa nzima: huyu anatia bolti, yule anakaza nati, wa tatu anasubiri gari linalofuata. Kuunganisha chasisi moja kulikuwa kunachukua saa 12 na nusu. Kabla mwaka haujatimia, kulichukua dakika 93.

Watu waliichukia kazi hiyo. Waliingia asubuhi, wakaikimbia baada ya siku chache. Mwaka huohuo wa 1913 idadi ya walioacha kazi ilifika asilimia 370 ya wafanyakazi wote, maana yake kila nafasi ilibidi ijazwe karibu mara nne ndani ya mwaka mmoja. Ndipo Januari 1914 Ford akatangaza jambo lililoshtua dunia: dola 5 kwa siku ya saa 8, wakati mshahara wa awali ulikuwa dola 2 na senti 34 kwa saa 9. Maelfu ya watu walijazana langoni katika baridi kali ya theluji. Walipozidi, walimwagiwa maji kwa mipira ya zimamoto ili watawanyike.

Habari ya dola 5 imesimuliwa mara nyingi, ila sehemu yake moja huachwa. Karibu nusu ya fedha hizo haikuwa mshahara, ilikuwa mgawo wa faida, na ili uupate ilikubidi uishi kama kampuni ilivyotaka. Ford aliunda idara ya wakaguzi waliokuwa wakipiga hodi majumbani mwa wafanyakazi. Nyumba ni safi? Bwana na bibi wamefunga ndoa kweli? Kuna pombe? Wamepangisha wageni chumbani ili kuongeza kipato? Wana akiba benki? Majibu yaliandikwa, na mkaguzi asiporidhika, mgawo ulizuiwa. Tangu mwanzo, basi, kiwanda cha Detroit kilikuwa na mkono ndani ya nyumba ya mtu.

Vita vya Kwanza vya Dunia vilipozuia wahamiaji kutoka Ulaya, viwanda vilihitaji watu, na watu wakapanda treni kutoka Alabama, Georgia, Mississippi. Mwaka 1910 Weusi wa Detroit hawakufika 6,000. Mwaka 1930 walikuwa takriban 120,000. Ford aliwaajiri wengi kuliko wenye viwanda wenzake, hasa katika kiwanda chake kikubwa cha River Rouge, na mara nyingi mtu alihitaji barua ya mchungaji wake kuthibitisha tabia njema. Mshahara kwa saa ulikuwa sawa na wa Mzungu wa kazi ileile. Lakini wengi wao hawakupewa kazi ileile. Walipelekwa kwenye karakana ya kusubu chuma, penye tanuri na vumbi la mchanga wa kalibu, kazi ambayo wengine waliikwepa. Hata hivyo mtu aliyetoka kulima pamba ya tajiri kwa deni lisilokwisha aliziona dola zile mkononi mwake, akamwandikia ndugu yake aje.

Basi kazi ilipatikana. Nyumba je?

Kwa wengi wao nyumba ilikuwa mahali pamoja tu: mitaa ya Black Bottom, mashariki ya katikati ya mji. Watu walibanana huko, wakalipa kodi kubwa kwa vyumba vibovu kuliko Wazungu walivyolipa kwa vyumba vizuri, kwa sababu mwenye nyumba alijua mpangaji wake hana pa kwenda. Na bado walijenga maisha. Mtaa wa Hastings ulikuwa na maduka, maduka ya dawa, vinyozi, makanisa, madaktari wao wenyewe. Pembeni yake, Paradise Valley, kulikuwa na kumbi za muziki zilizowaleta akina Duke Ellington. Bondia Joe Louis alikulia Black Bottom baada ya familia yake kuhama kutoka Alabama. Mwimbaji John Lee Hooker alifanya kazi ya kufagia kiwandani mchana, na usiku alipiga gitaa katika vilabu vya mtaa huo.

Aliyejaribu kutoka nje ya mipaka hiyo alijionea. Nawaomba nikae kidogo kwa Daktari Ossian Sweet, maana kisa chake nakiona ni kitovu cha historia yote ya mji huu.

Sweet alizaliwa Florida, akasomea udaktari Chuo Kikuu cha Howard, akaenda Vienna na Paris kujinoa zaidi. Mwaka 1925 yeye na mkewe Gladys walinunua nyumba ya matofali kona ya mtaa wa Garland, mtaa wa Wazungu, kwa dola 18,500, bei iliyozidi thamani yake. Kiangazi hichohicho daktari mwenzake mweusi alikuwa amehamia nyumba mpya, akavamiwa siku ileile, akalazimishwa kuisaini aiachie. Sweet alijua. Alipohamia tarehe 8 Septemba alikuja na samani, na pamoja na samani alileta bunduki, risasi, ndugu zake wawili na marafiki.

Usiku wa pili umati ulijaa mbele ya nyumba. Polisi walikuwepo, wamesimama. Mawe yakaanza kupiga paa na kuvunja vioo. Kisha risasi zikatoka ghorofani, Mzungu mmoja akafa na mwingine akajeruhiwa. Watu wote 11 waliokuwa ndani walikamatwa na kushtakiwa kwa mauaji, Gladys akiwa miongoni mwao. Chama cha kutetea haki za Weusi, NAACP, kilimwajiri Clarence Darrow, wakili aliyekuwa na jina kuliko wote Marekani wakati huo. Wazee wa baraza katika kesi ya kwanza hawakuafikiana. Katika kesi ya pili, mwaka 1926, wazee 12, wote wanaume wa Kizungu, walimwachia huru Henry, mdogo wake Sweet, aliyekiri kufyatua risasi. Mashtaka ya wengine yakafutwa baadaye.

Ni ushindi, na Weusi wa Marekani nzima waliusherehekea. Lakini tazameni gharama yake. Gladys alitoka jela na kifua kikuu. Binti yao mchanga alikufa kwa ugonjwa huo mwaka 1926, na Gladys mwenyewe miaka miwili baadaye. Daktari alirudi kuishi katika nyumba ile bila wao. Mwaka 1960 alijitoa uhai. Mahakama ilikuwa imetambua haki yake ya kuilinda nyumba, na mji haukubadilika kwa sababu hiyo.

Mji ulipata njia za kistaarabu zaidi za kukataa. Hati za viwanja ziliandikwa sharti kwamba kiwanja kisikaliwe na mtu asiye Mzungu, na mahakama zikalilinda sharti hilo hadi mwaka 1948, pale kesi ya familia ya McGhee wa Detroit, iliyotetewa na Thurgood Marshall, ilipochangia kuliangusha katika Mahakama Kuu ya Marekani. Kuanzia miaka ya 1930 serikali yenyewe iliiwekea dhamana mikopo ya nyumba, na mitaa ya Weusi ikahesabiwa kuwa ya hatari isiyostahili dhamana. Kaskazini mwa mji, karibu na barabara iitwayo Eight Mile, mjenzi mmoja alitaka kuwajengea Wazungu nyumba jirani na mtaa wa Weusi. Akakataliwa dhamana kwa sababu ya ujirani huo. Mwaka 1941 akajenga ukuta wa zege wenye kimo cha futi 6, urefu wa karibu nusu maili, kati ya mtaa na mtaa. Dhamana ikatoka. Ukuta ule upo mpaka leo, unapita nyuma ya nyumba za watu, na sehemu yake wakazi wameichora picha za rangi: watoto, nyumba, basi la Rosa Parks, ambaye naye alihamia Detroit na kuishi huko mpaka kifo chake mwaka 2005.

Vita vya Pili vya Dunia vilipoanza, viwanda vya magari viligeuzwa kuunda ndege, vifaru na injini. Kazi zikawa nyingi, watu wakamiminika tena, weupe kwa weusi. Mwaka 1942 familia nyeusi zilizopewa nyumba mpya za serikali, zilizopewa jina la Sojourner Truth, zilizuiwa na umati kuingia. Ziliingia miezi miwili baadaye zikilindwa na maelfu ya polisi na wanajeshi. Mwaka uliofuata mji ulilipuka: watu 34 waliuawa, 25 kati yao Weusi. Chama cha wafanyakazi wa magari, UAW, kilikuwa kimeshawashinda wenye viwanda, Ford akiwa wa mwisho kusalimu amri mwaka 1941. Ndani ya kiwanda mweusi na mweupe waliweza kugoma pamoja chini ya bendera moja. Kengele ya kutoka ikilia, kila mmoja alikwenda upande wake wa ukuta.

Mwaka 1950 Detroit ilikuwa na watu karibu 1,850,000, haijawahi kuwa na wengi hivyo tena. Na hapo ndipo lilipoanza jambo ambalo Waswahili tunalijua vizuri: bomoabomoa. Black Bottom iliitwa mtaa mchafu wa kusafishwa. Nyumba ziliangushwa, na eneo kubwa likakaa tupu miaka kadhaa, likiota magugu, kabla ya kujengwa nyumba mpya ambazo wengi wa waliofukuzwa wasingemudu. Kisha mtaa wa Hastings ukachimbwa kupitisha barabara kuu iendayo kasi, ile inayowafikisha wakazi wa vitongoji vya nje katikati ya mji na kuwarudisha kwao. Fidia walipewa wenye majengo. Mpangaji, na wengi walikuwa wapangaji, aliambiwa atafute pengine.

Kulikuwa na mfanyabiashara mmoja, Joe Von Battle, mwenye duka la santuri Hastings. Nyuma ya duka alikuwa na mitambo ya kurekodia. Alirekodi wapiga gitaa wa mtaani, na alirekodi mahubiri ya Mchungaji C. L. Franklin wa kanisa la New Bethel, mahubiri yaliyouzwa kwa santuri na kusikika redioni kote Marekani. Mwaka 1956 alimrekodi binti wa mchungaji akiimba kanisani. Binti huyo, Aretha, alikuwa na miaka 14. Barabara ilipokuja, duka likahamia mtaa wa 12, upande wa magharibi, na kanisa nalo likahama. Maelfu ya waliobomolewa walikimbilia huko huko, mtaa ukafurika. Yaliyoukuta mtaa huo mwaka 1967 nitayafikia.

Kwanza tupite West Grand Boulevard, nyumba namba 2648. Mwaka 1959 kijana aitwaye Berry Gordy, aliyewahi kufanya kazi katika kiwanda cha Lincoln-Mercury akifunga vipande vya magari huku anatunga nyimbo kichwani, alikopa dola 800 kutoka mfuko wa akiba wa familia yake, akaanzisha kampuni ya muziki iliyokuja kuitwa Motown. Nyumba ile ni ya kawaida kabisa, ya ghorofa moja, yenye baraza na bustani ndogo mbele. Gordy aliishi juu, na sehemu ya nyuma akaigeuza studio. Leo ni makumbusho. Darini kuna tundu lililotumika kuirudisha sauti ikiwa na mwangwi. Sakafu ya chumba cha mafundi imechakaa pale walipokuwa wakipigia mguu kufuata mdundo. Studio ilifanya kazi karibu usiku na mchana, na wimbo haukutoka mpaka upigiwe kura kikaoni. Kabla ya hapo walikuwa wakiusikiliza kwa spika ndogo mfano wa ile ya gari, kwa sababu walijua mnunuzi atausikia garini.

Wengi wamesema Gordy aliuleta utaratibu wa kiwanda kwenye muziki, na ni kweli. Mimi nasisitiza jambo jingine. Muziki ule ulitoka ndani ya nyumba, na wapigaji wake, kundi la Funk Brothers, walitoka katika vilabu vya jazi vya mji uleule uliokuwa ukibomolewa. James Jamerson alipiga gitaa la besi katika nyimbo zilizozunguka dunia, na jina lake halikuandikwa kwenye jalada la Motown hadi mwaka 1971. Waimbaji wa The Supremes walikulia katika majengo ya serikali ya Brewster-Douglass. Sauti hizo zilifika hata kwetu. Vijana wa Dar es Salaam walizicheza pamoja na nyimbo nyingine za soul mpaka mwaka 1969, pale viongozi wa mkoa walipoupiga marufuku muziki wa soul mjini kwa kuuona ni wa kuharibu utamaduni. Waliozuia hawakujua, au hawakujali, kwamba walikuwa wakiwazuia wajukuu wa watumwa waliokuwa wakidai heshima kwa njia waliyoiweza.

Usiku wa kuamkia Jumapili, tarehe 23 Julai 1967, polisi walivamia kilabu kisicho na leseni mtaa wa 12. Ndani watu walikuwa wakiwakaribisha askari wawili waliorudi kutoka Vietnam. Polisi waliamua kuwakamata wote, zaidi ya 80. Umati ukakusanyika, chupa ikarushwa, na kwa siku tano mji ukawaka. Wanajeshi wa miamvuli waliletwa. Watu 43 walikufa, zaidi ya 7,000 wakakamatwa. Duka la Joe Von Battle liliharibiwa, na kanda zake za miaka mingi, sauti za Hastings ambazo barabara kuu ilishindwa kuziua, zikateketea.

Utasikia mara nyingi kwamba vurugu za 1967 ndizo zilizoiua Detroit. Napinga. Kati ya mwaka 1947 na 1963 mji ulikuwa umeshapoteza kazi za viwandani takriban 134,000, kwa kuwa kampuni zilihamia vitongojini na majimbo mengine, na mashine zilichukua nafasi za watu. Kiwanda kikubwa cha Packard kilisimama mwaka 1956. Mzungu aliweza kuifuata kazi kitongojini, kwa mkopo wenye dhamana ya serikali. Mweusi alibaki upande wake wa ukuta, na ajira ikamkimbia. Moto ule ulikuta kuni zimekwisha kupangwa.

Yaliyofuata yanajulikana zaidi, nitayapita haraka. Coleman Young, aliyepata kufanya kazi kwa Ford, alichaguliwa meya wa kwanza mweusi mwaka 1973 na akaongoza miaka 20, akiukuta mfuko wa mji unapungua kila mwaka. Mji uliomba kufilisishwa rasmi Julai 2013, ukiwa na madeni ya takriban dola bilioni 18. Wadai waliukodolea macho mkusanyo wa sanaa wa mji. Wakfu, jimbo na wafadhili walichanga, picha zikasalia, na pensheni za watumishi wa kawaida zikakatwa asilimia 4.5, bila nyongeza ya kufidia kupanda kwa bei.

Lililoniuma zaidi lilifichuka baada ya hapo. Mwaka 2020 gazeti la Detroit News lilionyesha kwamba kati ya 2010 na 2016 wenye nyumba mjini walitozwa kodi ya majengo iliyozidi kwa angalau dola milioni 600, kwa sababu thamani ya nyumba zao haikurekebishwa baada ya bei kuanguka. Mtu nyumba yake imeshuka thamani, anatozwa kama haijashuka, anashindwa, inanadiwa. Wengi wao ni watoto na wajukuu wa watu waliopigania haki ya kununua nyumba hizo.

Siku hizi Detroit inasemwa vizuri. Kituo cha reli cha Michigan Central, kilichokaa gofu tangu 1988, kilifunguliwa upya mwaka 2024 baada ya kampuni ya Ford kukinunua na kukikarabati. Makadirio ya sensa yameonyesha watu wanaongezeka kidogo, jambo lisiloonekana tangu miaka ya 1950. Nafurahi kwa hilo, kwa dhati. Lakini jicho langu liko kwenye barabara ya I-375, ile iliyochimbwa juu ya Hastings. Mwaka 2022 serikali ya Marekani ilitoa zaidi ya dola milioni 104 ili shimo lile lifukiwe, pawe mtaa wa kawaida wenye njia za miguu, na zipatikane takriban ekari 30 za ardhi katikati ya mji. Gharama zilipanda, na mwaka 2025 jimbo likausimamisha mradi uangaliwe upya.

Wakazi wanabishana ardhi hiyo iwe ya nani, na ubishi huo una haki ya kuwepo. Msimamo wangu ni kwamba familia zilizobomolewa Black Bottom na Hastings, wenye majengo na wapangaji pia, zipewe nafasi ya kwanza ya kumiliki viwanja na kufungua biashara pale, kwa hati zenye majina yao. Bamba la ukumbusho halitoshi. Majina ya waliokaa pale yamo katika vitabu vya anwani za mji na daftari za kodi za miaka ile, na kazi ya kuwatafuta warithi wao inaweza kuanza sasa hivi, kabla tingatinga halijawashwa.